Yule Mzee wa Nafasi Ndogo



Watu wakitoka kuona picha kwenye kibanda cha video, njia nzima wanasimulia. "Stelingi alivyoruka ule ukuta!" "Stelingi alivyomkamata yule jambazi!" Kila mmoja anamtaja stelingi. Lakini kaa usikilize vizuri. Mara mmoja atasema, "Hivi mmemwona yule mzee aliyefungua mlango? Jinsi alivyomtazama mgeni!" Hapo wote watacheka, maana wote walimwona. Ila jina lake hakuna anayelijua.

Leo tuzungumze juu ya watu wa namna hiyo.

Katika picha, mwigizaji mkuu ni mmoja au wawili. Hao ndio majina yao huandikwa kwa herufi kubwa. Baada yao kuna wengine, kama mwenye duka, askari wa zamu, mpishi, daktari, jirani mbishi. Hawa ni waigizaji wa nafasi ndogo. Usiwachanganye na wale watu wanaopita tu barabarani nyuma ya stelingi. Wale hawasemi kitu. Mwigizaji wa nafasi ndogo ana maneno yake, ana tabia yake, na kuna jambo ambalo asipolifanya hadithi haiendi mbele. Picha ni kama harusi. Bibi na bwana harusi ndio wanaotazamwa, lakini pasipo mpishi, mpiga ngoma na yule shangazi mwenye maneno mengi, hiyo si harusi.

Mtu tutakayemtazama ni Mmarekani mwenye asili ya Kichina. Jina lake ni James Hong. Huenda umemwona mara nyingi bila kujua. Ameonekana au kusikika katika picha na vipindi vya televisheni zaidi ya 400. Wengine wakihesabu na sauti alizotia kwenye katuni, wanafika zaidi ya 600.

Mtoto wa muuza dawa

James Hong alizaliwa tarehe 22 Februari 1929 katika mji wa Minneapolis, kaskazini ya Marekani. Wazazi wake walitoka China. Baba yake alikuwa na duka la dawa za miti shamba.

Hapo ni lazima tueleze jambo moja. Mwaka 1882 Marekani ilipitisha sheria ya kuwazuia vibarua wa Kichina wasiingie nchini. Wachina walikuwa wamejenga reli za nchi ile kwa jasho lao. Reli zilipokwisha, wakaambiwa basi. Sheria hiyo ilifutwa mwaka 1943 tu. Kwa hiyo mtoto James alizaliwa katika nchi ambayo haikutaka watu kama baba yake waongezeke.

Alipokuwa mdogo jamaa yake ilihamia Hong Kong, mji wa bandari upande wa kusini wa China. Alirudi Marekani akiwa na umri wa miaka 10 hivi. Lugha aliyokuwa nayo mdomoni ilikuwa Kichina. Ikabidi akae darasani na kujifunza Kiingereza, huku watoto wengine wakimsikiliza anavyokosea. Sisi tuliojifunza kusoma tukiwa watu wazima tunajua moto wa kukosea mbele za watu.

Alipokua alisomea uhandisi wa ujenzi katika Chuo Kikuu cha Minnesota, akamalizia katika Chuo Kikuu cha Southern California, mjini Los Angeles. Katikati alichukuliwa jeshini wakati wa vita vya Korea. Hakupelekwa vitani. Alibaki kambini akiwachekesha askari wenzake kwa michezo na kuiga sauti za watu. Kumbe kazi yake ya baadaye ilikuwa imekwisha kuanza.

Alipopata shahada aliajiriwa na idara ya barabara ya wilaya ya Los Angeles. Ilikuwa kazi ya ofisi, yenye mshahara wa kila mwezi. Mzazi yeyote angeshukuru Mungu. Lakini James alikuwa anachukua siku zake za likizo na kwenda kutafuta kazi za kuigiza. Mwaka 1954 alitokea katika kipindi cha televisheni cha mchekeshaji maarufu Groucho Marx. Akamwiga Groucho mwenyewe, mbele ya uso wake! Watazamaji wakaandika barua nyingi kumsifu. Baada ya mwaka mmoja na nusu hivi ofisini, akaiacha kazi ya barabara.

Macho ya kubandika

Mwaka 1955 Hong alitokea katika picha za waigizaji wakubwa wa wakati ule, kama Clark Gable na John Wayne. Walikuwa wakitengeneza picha juu ya China na Hong Kong, wakahitaji nyuso za Kichina za kujaza mahali. Mwaka uliofuata alipewa kazi nyingine. Picha moja ya Japani juu ya mnyama mkubwa aitwaye Godzilla ililetwa Marekani, na Wamarekani hawakujua Kijapani. Hong na wenzake wachache wakakaa chumbani, wakasema maneno ya Kiingereza badala ya Wajapani wengi wanaoonekana kwenye picha. Sisi tuna watu wanaotafsiri picha kwa Kiswahili kwenye vibanda vya video, mtu mmoja anakuwa bwana, bibi, mtoto na jambazi. Kazi ni ndugu moja.

Lakini sikiliza sasa. Ilipotakiwa nafasi kubwa ya Mchina, hakupewa Mchina. Alipewa mzungu. Walimbandika plasta au gundi pembeni ya macho ili yavutike, wakampaka rangi usoni, kisha akasema Kiingereza cha kuvunjavunja. Mwaka 1937 ilitoka picha kubwa juu ya mkulima wa China na mke wake, wakipambana na njaa na nzige. Jina lake ni The Good Earth. Mkulima aliigizwa na Paul Muni, mzaliwa wa Ulaya. Mke wake aliigizwa na Luise Rainer, mzaliwa wa Ujerumani. Bibi huyo akapewa Oscar, yaani ile zawadi kubwa kupita zote za sinema Marekani. Wakati huohuo alikuwapo Anna May Wong, Mchina aliyezaliwa palepale Los Angeles, mwigizaji aliyejulikana hata Ulaya. Nafasi ya mke wa mkulima hakupewa.

Na Hong mwenyewe yalimkuta. Mwaka 1957 kilianza kipindi cha televisheni juu ya mpelelezi wa Kichina, Charlie Chan. Hong aliigiza mtoto wa mpelelezi. Baba yake, yaani Charlie Chan mwenyewe, alikuwa J. Carrol Naish, Mmarekani wa asili ya Ireland. Hebu fikiri, baba mzungu aliyepakwa rangi, mtoto Mchina kweli. Hong amesimulia kwamba siku moja alichelewa kusema neno lake, yule mkubwa akakasirika, na yeye Hong akaondolewa kazini.

Nafasi zilizobaki kwa watu wa Asia zilikuwa zilezile kila siku. Dobi. Mpishi. Mtumishi wa nyumbani. Jasusi. Mhuni wa mtaani. Au mtu mnyonge anayengoja kuokolewa na stelingi mzungu.

Wako wanaouliza, kwa nini alikubali? Kwa nini hakusema, "Mimi ni mhandisi, siigizi udobi"? Swali hilo si dogo. Kila mara mtoto wa Kichina akiona kwenye televisheni mtu anayefanana na baba yake akichekwa, kuna kitu kinavunjika ndani yake. Hong amesema mwenyewe kwamba mwanzoni alichukua nafasi hizo kwa sababu nyingine hazikuwapo. Mimi simlaumu. Mtu aliyefungiwa mlango akaingia kwa dirisha huwezi kumwambia ameingia vibaya, maadamu akiwa ndani anatafuta ufunguo wa kuwafungulia wenzake.

Na ufunguo aliutafuta. Mwaka 1965 Hong, pamoja na mwigizaji aitwaye Mako na wenzao wengine, wote watu 9, walianzisha kikundi chao cha michezo ya kuigiza mjini Los Angeles. Kikundi kiliitwa East West Players, maana yake waigizaji wa mashariki na magharibi. Siku za mwanzo walicheza katika chumba cha chini cha kanisa. Mchezo wao wa kwanza ulikuwa Rashomon, hadithi ya Kijapani. Pale hakuna aliyembandika mwenzake macho. Mtu wa Asia aliigiza jaji, mfalme, mpenzi, mjinga, mwerevu, kila kitu. Kikundi hicho kilidumu. Mwaka 2015 kilitimiza miaka 50, na waigizaji wengi waliojulikana baadaye walipitia humo.

Dakika tano za kazi

Sasa tutazame jinsi mtu huyu anavyofanya kazi. Nitachukua mfano mmoja, picha iitwayo Blade Runner ya mwaka 1982. Inasimulia mambo ya wakati ujao. Kuna watu wa kutengenezwa kiwandani, wanaofanana kabisa na binadamu, lakini wamewekewa miaka michache tu ya kuishi. Wachache wametoroka. Wanataka kumjua mtu anayeweza kuwaongezea maisha.

Hong ni fundi mzee aitwaye Chew. Kazi yake ni kutengeneza macho. Basi, macho tu. Anafanya kazi katika chumba cha barafu, amevaa koti kubwa la manyoya lenye mipira ya kumletea joto. Tunamkuta amechungulia jicho moja kwenye darubini. Anazungumza nalo! Anacheka peke yake. Kwa nusu dakika tu umemjua. Mzee mpweke anayeipenda kazi yake, kama fundi seremala anayepapasa mbao.

Wanaingia wale watu wawili. Mmoja anatia mkono kwenye maji ya baridi kali na hashtuki. Anachomoa ile mipira ya koti, anampasua koti lenyewe. Mzee anaanza kuganda. Wanamuuliza maswali ya uhai na mauti, naye anatetemeka, anajibu kwamba yeye hajui, yeye hutengeneza macho tu. Mwisho anataja jina la mtu mwingine wanayepaswa kumwona.

Hayo yote ni dakika chache, hazifiki hata tano. Baada ya hapo Hong haonekani tena mpaka picha iishe. Lakini angalia alichofanya. Asipotaja jina, wale watu hawana pa kwenda. Asipoogopa vizuri, sisi hatutawaogopa wale watu. Na asipotupendeza kwanza kwa kucheka na jicho lake, hatutamwonea huruma. Ameifanya kazi yote hiyo ndani ya chumba chenye baridi ya kweli, maana walipigia picha ndani ya ghala la kugandishia vitu.

Mfano wa pili ni wa kuchekesha. Mwaka 1991 katika kipindi cha televisheni kiitwacho Seinfeld, Hong alikuwa mpokea wageni wa hoteli ya chakula ya Kichina. Watu watatu wana njaa, wanangoja meza. Kila wakiuliza, anawajibu kwa upole kabisa kwamba bado dakika tano, kumi. Wanaoingia nyuma yao wanapewa meza. Mmoja anangoja simu ya mchumba wake. Simu inakuja, Hong anaita jina lisilo lake, simu inakatwa. Kipindi kizima ni hicho, kungoja. Nani kati yetu hajapata kukaa kwenye benchi la ofisi, akaitwa kwa jina la mtu mwingine? Hong hakufanya kichekesho hata kimoja kwa kukunja uso. Alikuwa mpole tu, na upole ule ndio uliowatia watu wazimu.

Mara chache sana alipata nafasi kubwa kidogo. Mwaka 1986 alikuwa Lo Pan, mchawi wa kale katika picha ya Big Trouble in Little China. Mara ni kikongwe kwenye kiti cha magurudumu, mara ni pepo mrefu mwenye kucha. Sinema nyingi zilipoonyesha picha hiyo watu hawakujaa, na haikurudisha gharama. Baadaye ikaingia kwenye kanda za video, ikapendwa mno. Hata miaka 30 baadaye watu walikuwa wakimsimamisha Hong njiani kumtaja Lo Pan.

Anakulaje?

Mkulima atauliza, mtu wa dakika tano anakulaje?

Stelingi huandikiwa mkataba wa picha nzima. Mwigizaji wa nafasi ndogo mara nyingi huajiriwa kwa siku. Anaitwa Jumatatu, anaigiza Jumanne, Jumatano hana kazi. Ili apate hiyo siku moja ni lazima kwanza aende kujaribiwa. Anasimama mbele ya watu wachache mezani, anasoma maneno machache, anaambiwa, "Ahsante, tutakuita." Mara nyingi hawaiti. Wakala anayemtafutia kazi huchukua sehemu yake, kwa kawaida 10 kwa 100. Ni kama kilimo cha kutegemea mvua.

Ndiyo maana waigizaji wa Marekani waliunda chama cha wafanyakazi mwaka 1933. Mwaka 1960 chama hicho kiligoma. Kiongozi wa mgomo alikuwa mwigizaji Ronald Reagan, ambaye mwaka 1981 alikuja kuwa Rais wa Marekani. Madai yao yalikuwa haya: picha tuliyoigiza kwa ajili ya sinema ikiuzwa na kuonyeshwa tena kwenye televisheni, tajiri analipwa mara ya pili, je, na sisi? Mgomo ulipokwisha walipata malipo ya marudio kwa picha mpya, na mfuko wa pensheni na matibabu. Kwa stelingi hela hizo ni kidogo. Kwa mtu wa nafasi ndogo, hundi ndogo inayokuja kwa posta miaka kumi baada ya kazi inaweza kulipa kodi ya nyumba.

Mambo hayo hayajaisha. Mwaka 2023 waigizaji waligoma tena siku 118, kuanzia Julai hadi Novemba. Safari hii hofu mojawapo ilikuwa mashine za kompyuta zinazoweza kunakili uso na sauti ya mtu. Mwenye kampuni anampiga picha mwigizaji siku moja, anamlipa siku moja, kisha anatumia uso wake miaka yote. Na anayetishwa zaidi na jambo hilo si stelingi. Ni yule wa siku moja. Mkataba uliopatikana ulisema mwigizaji lazima aulizwe na akubali kwanza, tena alipwe.

Uzee wenye mavuno

Mwaka 2008 Hong, akiwa na miaka 79, alitia sauti yake katika katuni ya Kung Fu Panda. Panda ni mnyama wa China, mnene, mweusi na mweupe, wa jamii ya dubu. Katika hadithi panda huyo amelelewa na bata bukini mwenye hoteli ya supu ya tambi. Bata ndiye Hong. Anamhangaikia mtoto wake wa kulea, anataka arithi hoteli, anamwogopea vita. Watoto wa nchi nyingi waliijua sauti hiyo wasijue ni ya nani.

Kisha ikaja picha ya mwaka 2022 iitwayo Everything Everywhere All at Once. Inahusu familia ya Kichina huko Marekani yenye duka la dobi, inayosumbuliwa na watu wa kodi. Ndiyo, udobi tena. Lakini safari hii dobi ndiye stelingi. Ni mama wa makamo, ameigizwa na Michelle Yeoh wa Malaysia. Hong ni baba yake mzee, yuko kwenye kiti cha magurudumu, mkali, hatosheki na chochote binti yake anachofanya. Alipoigiza alikuwa na umri wa miaka 91 hivi. Picha hiyo ilipata zawadi 7 za Oscar mwaka 2023, pamoja na ile ya picha bora ya mwaka.

Kabla ya hapo, mwaka 2020, mwigizaji mwenzake mwenye asili ya Korea, Daniel Dae Kim, alikuwa ameanzisha mchango. Huko Hollywood kuna njia ya miguu iliyotiwa nyota za shaba chini, kila moja na jina la msanii. Nyota huwekwa kwa malipo, na ya Hong ilihitaji dola 55,000. Watu wa kawaida walichanga kidogo kidogo, na katika siku chache zikatimia. Tarehe 10 Mei 2022 jina la James Hong lilizinduliwa pale. Alikuwa na miaka 93, na ilitangazwa kwamba hakuna aliyewahi kupewa nyota hiyo akiwa mzee kama yeye.

Mwezi Februari 2023 chama kilekile cha waigizaji kiliwapa zawadi waigizaji wote wa ile picha ya dobi. Jukwaani wenzake wakampisha mzee aseme. Akawakumbusha watu kwamba alipoanza kazi, wakubwa walikuwa wakibandikwa macho ili waonekane Wachina, na watayarishaji wakisema watu wa Asia hawafai, hawawezi kuleta watazamaji. Kisha akawaonyesha wenzake waliosimama nyuma yake. Ukumbi ukashangilia.

Mwaka 2024 ilitoka picha ya nne ya yule panda. Hong alikuwa amefikisha miaka 95. Bata bukini alikuwa bado anapika supu, na bado anamhofia mtoto wake.